Chai ya Bibi Ndani ya Tasraft

Jumapili, 17 Machi

Leo tumempeleka Bibi Tasraft. Na Shangazi Itto ameharibu!

Kila mtu hapa anajua, hata watoto wadogo: mtu akiingia pango la Tasraft humuagi. Unakaa kimya, unaangalia viatu vyako. Ukimuaga itabidi ajibu, na akijibu mguu mmoja uko ndani, hilo jibu mtalingoja mpaka mchoke. Sasa Bibi alikuwa ameshafungwa uzi wa sufu kiunoni. Birika la chai mkononi, linatoa moshi, glasi imo mfukoni. Anatembea zake vizuri. Anacheka hata. Alituambia tusimtazame kama maiti, yeye anakwenda kunywa chai tu. Akafika pale mlangoni, kwenye ufa wa mwamba. Hapo Shangazi akashindwa. Akapiga kelele — nenda salama mama yangu, Mungu akulinde, utusamehe!

Bibi akageuka.

Bibi ana adabu zake. Huwezi kumsemesha asikujibu. Kageuka, kafungua mdomo — basi. Kaganda. Tunaondoka jioni mdomo bado uko wazi, mkono nusu juu. Shangazi analia, anajipiga kichwa. Izza, binti wa jirani, akamwambia, "Shangazi, na hapo bado hajauliza habari za kondoo." Watu wakacheka. Mimi pia, lakini kwa ndani.

Dokta wa mjini alisema moyo wa Bibi umechoka. Kuvuna lozi hatafika. Na Baba Mdogo Moha yuko Ufaransa, tangu aende hajarudi, kila mwaka karatasi zake hazijatoka. Anasema kiangazi hiki zitatoka. Kwa hiyo Bibi akamngojee Tasraft. Humo siku zetu nyingi ni dakika zake chache. Moha akifika tunamtoa. Hiyo ni akili ya Shangazi. Bibi akakubali, mwanawe yule.

Mimi hakuna aliyeniuliza. Hata wangeniuliza, ningesema nini?

Nimepewa ncha ya pili ya uzi nishike, akitaka kutoka atauvuta. Kondoo wetu wanakula karibu na mlango, halafu mimi siongei, kwa hiyo sitamwita wala kumsumbua. Ndivyo walivyosema.

Jumatano, 20 Machi

Amemaliza kujibu! Asubuhi nimekuta mdomo umefungwa. Mchana akaanza kutupa mgongo. Sasa anakwenda kwenye jiwe lake la kukalia, mguu mmoja uko hewani. Kuna mbayuwayu kaingia tangu jana, ananing'inia juu ya kichwa chake kama kafungwa kamba.

Nyumbani kimya sana. Nimepika uji wa shayiri mwingi mno. Nimezoea wa watu wawili.

Alhamisi, 4 Aprili

Leo karibu kijiji kizima kimekuja mlangoni. Bibi anamimina chai!

Kanyanyua birika juu, anavyomimina yeye, lazima povu lisimame. Na chai imetoka kwenye mdomo wa birika imekaa hewani. Haijafika. Kama uzi wa rangi ya asali. Jua likapita nyuma yake, ukang'aa, watoto wakapiga kelele, mama zao wakawaziba midomo. Tumekaa kuangalia mpaka kondoo wangu wakaingia kwenye shayiri ya baba yake Izza.

Izza akaja na fimbo. "Ee bubu! Bibi yako anamwaga chai na wewe unamwaga kondoo!"

Nikataka kumjibu. Jibu nilikuwa nalo zuri kabisa. Limenijia sasa hivi, wakati naandika.

Jumatatu, 15 Aprili

Mvua. Bibi anapuliza chai.

Jumanne, 16 Aprili

Bado anapuliza.

Alhamisi, 9 Mei

Ramadhani imeingia na balaa limetokea. Bibi anakunywa chai mchana, mbele za watu!

Baada ya sala ya alasiri wakabishana msikitini. Kuna waliosema huyu anakula mchana wa Ramadhani. Wengine wakasema mgonjwa ana ruhusa. Mwalimu akasema tulieni, mama huyu aliingia mwezi wa Rajabu na kwake bado ni Rajabu, ile ile siku moja, hata adhuhuri haijamtoka vizuri. Mwacheni na chai yake. Basi wote wakamgeukia Hammu Mfungo, wakaanza kumcheka upya. Huyu ndiye aliyeingia Tasraft usiku wa kuamkia Ramadhani, kabla mimi sijazaliwa, akatoka watu wanasherehekea Idi. Akafikiri amepata. Baraza likamwambia: sasa utafunga wewe, peke yako, mwezi mzima, na sisi tutakuwa tunakula mlangoni kwako. Wakala kweli! Na samli.

Leo Hammu alikaa na mimi kidogo mlangoni. Watu hawamuulizi kitu zaidi ya kumcheka, kwa hiyo akiniona kimya anaongea. Aliniambia ukiwa ndani, huku nje hukuoni. Ni kama maji ya mto yanakwenda kasi. Mchana, usiku, mchana, usiku, macho yanauma. Watu huwaoni kabisa, wanapita upesi mno. Unaona vile visivyoondoka tu. Mwamba. Na huu mti uliopinda.

Nikamuuliza, hukuogopa? (Nilimuuliza mimi! Kwa mdomo!)

Akasema, "Niliogopa nilipotoka. Mbuzi wangu alikuwa hanijui."

Jumapili, 2 Juni

Ndevu zangu sasa zinaonekana. Izza kaziona kabla yangu. "Umepakwa masizi au ni mwanaume?" Halafu akakaa kwenye jiwe, si mbali. Tukamtazama Bibi. Anamimina glasi ya pili.

Izza aliuliza kama ni kweli Bibi aliahidi kitu kabla ya kuingia. Masikio yangu yakawaka moto. Kweli aliahidi. Alisema akitoka tu, kabla hajavua viatu, anakwenda kwao Izza kuniposea, maana mimi mdomo sina. Shangazi hawezi kwenda, yeye na mama yake Izza hawasemeshani tangu wagombane juu ya sufuria ya shaba ya harusi.

Nikasema, "Ndiyo."

Akasema, "Basi na anywe upesi."

Akaondoka na mbuzi wake. Nimekaa mpaka jua limezama, nacheka na kondoo.

Jumamosi, 22 Juni

Bibi anageuza kichwa.

Tangu juzi nimeona shali imehama kwenye shavu. Leo sikio limejificha, na ncha ya pua inaanza kuja. Anageukia mlangoni! Nimevaa kofia mpya. Upuuzi, najua.

Jumatatu, 24 Juni

Jicho moja.

Jumanne, 25 Juni

Macho yote mawili. Anatazama hapa hapa ninapokaa, chini ya mti uliopinda. Kakunja uso kidogo, kama anapotunga uzi kwenye sindano.

Ijumaa, 5 Julai

Moha amepiga simu.

Shangazi alipanda juu ya paa kutafuta mtandao, sisi wote chini tunamtazama. Tukajua kwa mgongo wake tu. Karatasi hazikutoka. Mwakani. Kiangazi cha mwakani, safari hii ni hakika, kaapa. Akalia kwenye simu. Kasema msimtoe mama yangu, nawaomba, nikija nikamkuta hayupo nitamwangalia nani usoni?

Shangazi aliposhuka alikuwa ameshaamua. Abaki. Mwaka ni nini kwake? Birika moja, mawili. Atainuka anamkuta mwanawe mbele yake. Tukimtoa sasa, lozi zinakaribia. Dokta alisema.

Wote wakaona ni sawa. Hata mimi naona ni sawa, hilo ndilo baya. Mtu gani atasema hapana, mtoeni akafe?

Lakini mwaka wa Bibi ni chai. Mwaka wangu ni mwaka. Baridi yote ile, na uji wa mtu mmoja.

Nimekaa karibu na tanuri nikakata kuni ambazo hatuzihitaji.

Jumapili, 7 Julai

Mkono wake wa kulia umeachia glasi.

Kaiweka chini, bado imejaa nusu. Bibi haachi glasi nusu! Hata siku nyumba yetu ilipoingia maji alimaliza kwanza. Mkono unakwenda kiunoni. Upande wenye uzi.

Nikamkimbilia Shangazi. Nikasema. Nimesema kweli, maneno yamekanyagana lakini yametoka. Shangazi alikuwa anafunga hema juu ya nyumbu, Jumatano agdal, malisho yetu ya juu mlimani, inafunguliwa na kila mtu anataka kuwahi nyasi za karibu na chemchemi. Akasema ni shali hiyo, Basu. Anajifunika, mlango una upepo. Usianze.

Jumatatu, 8 Julai

Si shali. Vidole vimeufikia uzi. Viwili viko juu yake, kama mtu anayepima sufu.

Nilimwita Izza aone, nisije nikawa najidanganya. Alisimama muda mrefu. Mzaha hakufanya. Akasema, "Anataka kutoka."

Nikasema, lakini Moha hajaja, hajui lolote, kwake hata saa haijapita. Kwa nini atoke?

Izza akaniuliza Hammu alisema mtu anaona nini akiwa ndani. Nikamwambia: vile visivyoondoka.

"Na nani haondoki hapa?"

Nikatazama mti uliopinda.

"Mjinga wewe," alisema, lakini kwa upole. "Anakaa pale, dunia yote inamkimbia mbele ya macho. Haoni watu. Jua linawaka na kuzima. Na chini ya mti kuna kitu kimoja kimetulia. Kinaota ndevu."

Ikabidi niende kuangalia kondoo. Kondoo walikuwa sawa.

Jumanne, 9 Julai

Shangazi amekuja mwenyewe mlangoni. Ameona vidole. Ameona vizuri kabisa, kwa sababu alinyamaza, na Shangazi hanyamazi.

Halafu akasema hatukuona kitu. Funga uzi kwenye mti, Basu, twende agdal. Akivuta asipojibiwa atajua bado, atarudi kukaa, atamaliza chai yake. Mwakani atatushukuru.

Nikamwambia mtu akivuta uzi hujibiwa. Ndiyo desturi yetu. Kuna askari wa mjini aliyeingia humo kukojoa bila uzi, tukamrushia uzi, alipouvuta tulimjibu, na alikuwa hata si mtu wetu!

Akanishika shavu. Mikono yake inanuka nyumbu. Akasema, "Unafikiri mimi simtaki nyumbani? Ni mama yangu. Lakini akitoka nitamzika, na nitampigia Moha simu. Mimi. Si wewe."

Na hilo pia ni kweli. Hakuna mtu mbaya hapa wa kumkasirikia.

Wameondoka wote alasiri, kijiji kizima, hema, kuku, watoto juu ya mizigo. Watalala mpakani mwa malisho wangoje jua. Nilisema nitawafuata.

Jumatano, 10 Julai

Agdal imefunguliwa leo. Nimesikia vifijo kutoka juu, wanakimbilia nyasi. Nafasi yetu ya kila mwaka, ile ya chini ya chemchemi, sijui kachukua nani.

Uzi ulianza asubuhi. Nilikuwa nimekaa nao mkononi, sijaufunga kwenye mti. Ukasogea. Kidogo, kama konokono anatembea kiganjani. Ukasimama. Ukasogea tena. Bibi ananiita!

Kujibu si jambo dogo. Ukivuta kwa nguvu ya kawaida, kwake ni teke la punda, unamwangusha na moyo wake ule. Unarudi nyuma kidogo kidogo, unyayo mmoja, unangoja, unyayo mwingine, kutwa nzima, uzi usilegee na usikaze. Nilikuwa sijaanza. Nimesimama tu na uzi. Nikiujibu atatoka. Akitoka lozi zitamkuta au hazitamkuta. Nikiufunga kwenye mti ataishi mpaka mwakani. Namvuta aje kwangu au namvuta kaburini? Ni kwa ajili yake au ni uji wangu wa mtu mmoja?

Mawe yakaporomoka nyuma yangu. Izza! Ameshuka kutoka mpakani, viatu mkononi, anahema.

"Baba ananitafuta kule juu," akasema. "Umejibu?"

Nikamwambia naogopa. Nikamwambia yote. Sijawahi kusema maneno mengi hivyo kwa mfululizo, nilisikia sauti yangu kama ya mtu mwingine.

Akasikiliza. Kisha akasema, "Huo uzi ni wa kiuno chake, si chako. Kauvuta yeye."

Basi tukaanza kurudi nyuma. Unyayo. Ngoja. Unyayo. Mkono wangu ukichoka anashika yeye. Aliongea mchana kutwa, mbuzi, mama yake, ile sufuria ya shaba (kumbe ilikuwa na tundu tangu mwanzo!). Nilipokosea hatua akasema hata kinyumenyume huwezi kutembea, nani atakuoza? Jua linazama, nikamwangalia Bibi. Pembe moja ya mdomo imepanda.

Amelisikia jibu.

Alhamisi, 11 Julai

Anasimama. Mkono kwenye goti, mgongo umepinda. Kutwa nzima hilo tu. Nilikuwa najikuta nakaza tumbo kumsaidia.

Ijumaa, 12 Julai

Amesimama! Na ameinama tena. Tukashtuka, Izza kanibana mkono. Kumbe anachukua birika. Haachi birika lake.

Jumamosi, 13 Julai

Hatua ya kwanza ilikuwa asubuhi. Sasa anakuja. Polepole anakuja, kila hatua tunaingoja, uzi tunaukunja kwenye kijiti anavyokaribia.

Namuona uso sasa. Nilikuwa nimesahau kovu la nyusi. Nafikiria atauliza nini kwanza. Atauliza Moha yuko wapi. Lazima. Nimejaribu maneno mbele ya kondoo. Bibi, Moha hakuja. Bibi, Moha amechelewa. Kondoo wakaondoka.

Izza kanionyesha macho yake. "Mfuate anapotazama." Nikafuata. Njia ya gari iko kushoto, ile ambayo Moha angekuja nayo. Haitazami. Hata mara moja hajaitazama.

Jumapili, 14 Julai

Shangazi ameshuka.

Tulimsikia kabla ya kumuona, anateremka anapiga kelele jina langu lote mpaka la babu. Nani amekuruhusu, mtoto gani wewe, na wewe Izza baba yako anakata fimbo za kukupiga! Akafika mlangoni. Akamwona. Bibi yuko kwenye ufa wa mwamba, karibu ungeweza kumgusa. Birika mkononi. Bado linatoa moshi.

Shangazi akakaa chini na mzigo wake wote. Alikuwa amebeba mkate na samli mpya. Kumbe alishajua. Mtu haji kugombana amebeba samli.

Hakulia sana. Akasema, kwa sauti ndogo, "Nani atamwambia habari ya Moha?"

Nikasema mimi.

Wote wawili wakanitazama. Hata mimi ningejitazama kama ningeweza.

Naandika huku nimesimama, Izza ameshika uzi. Mguu wa kulia umetoka. Uko juani, kiatu kina tope la Machi, na tope linakauka mbele ya macho yetu. Wa kushoto bado uko ndani, kisigino kimenyanyuka. Macho yake yako kwangu. Kwenye ndevu, naona. Mdomo unaanza kufunguka.

Bado hujatoka wote, Bibi. Usiseme kitu. Mimi pia nisiseme. Nikikusalimia sasa utasimama hapo ujibu, na kondoo utawauliza mmoja mmoja, na lozi zinaiva.

Shangazi ameziba mdomo wake kwa mikono miwili. Izza ameziba wangu.